Kushtakiwa na Kusingiziwa

Twasema mtu ameshtakiwa, na twasema amesingiziwa. Neno la kwanza laacha shauri wazi. La pili limekwisha kuhukumu. Walimu wa Tukuyu na Rungwe na waikumbuke tofauti hiyo watazamapo picha zisizo na sauti alizozitengeneza Georges Méliès huko Ufaransa mwaka 1899, juu ya Kapteni Alfred Dreyfus, mtu wa heshima aliyedaiwa kuwapa Wadachi siri za jeshi.

Picha ni 11, fupi fupi. Iliyo bora kwetu ni ya kwanza. Meja du Paty de Clam amsomea Dreyfus maneno ayaandike, kisha amshika kwa ajili ya mwandiko wake. Amwekea bastola ajiue, naye akataa. Hapo twakumbuka mwafi wa wazee wa Kinyakyusa: mtuhumiwa alinyweshwa dawa ya kiapo, na aliyetapika hakuwa na hatia. Mwandiko ule ulikuwa mwafi wa Wafaransa, ila mnywaji hakuachiwa njia ya kutapika.

Méliès mwenyewe amwigiza wakili Labori, aliyepigwa risasi Rennes. Lafaa sana, maana kazi yake yote ni ya wakili: yajua kusingiziwa tu. Kwa nini waamuzi, nao watu wa heshima, waliusadiki uongo? Haituonyeshi, na hilo ndilo atakalo kujua mwalimu aamuaye ugomvi wa wanafunzi. Katika picha ya baraza Dreyfus aletwa mbele yao, wala hatusikii neno la ushahidi. Baraza hilo lilimtia hatiani tena Septemba 1899. Jina lake lilisafishwa mwaka 1906.