Anza Chini ya Mstari

Mwanafunzi akiandikiwa akisami ndefu ubaoni, jicho hukimbilia juu. Fundi wa hesabu huanza chini. Kabla ya kurahisisha chochote huuliza: ni nambari gani zitaifanya sehemu hii ya chini iwe sufuri? Hizo huziondoa mapema. Zinazobaki ndizo kikoa cha fanksheni. Ni kazi ya dakika mbili, nami naihesabu miongoni mwa kazi nadhifu kabisa za hesabu ya sekondari.

Tuseme tuko kwenye tuisheni huku Kinoo, karibu na steji ya 87 (naam, hata steji zetu ni nambari). Ubaoni, juu ya mstari kuna x² − 9, chini x² − x − 6. Mwalimu anayejua kazi hamruhusu mtu kugusa juu kabla chini hakujachambuliwa: (x − 3)(x + 2). Basi 3 na −2 haziingii. Ndipo wapande juu, wakute (x − 3)(x + 3), wakate kinachofanana, wabaki na x + 3 juu ya x + 2.

Utamu uko hapo. Ipe fomula hii mpya 3, ikurudishie 6/5, jibu safi kabisa. Irudie ya mwanzo uipe 3 ile ile: sufuri juu, sufuri chini. Kukata hakukufuta marufuku. Anayetafuta kikoa baada ya kurahisisha ameshaipitisha 3 bila habari, na kikokotoo hakitamshtua.

Tena nambari hizo mbili, ingawa zote zimekatazwa, tabia zao ni mbalimbali. Jongea 3: kwenye 2.99 unapata karibu 1.2004, kwenye 3.01 karibu 1.1996. Grafu inapita kama kawaida, ila ina tundu la nukta moja. Sasa jongea −2: kwenye −1.99 unapata 101, kwenye −2.01 unapata −99. Huku inapaa, huku inazama.

Sufuri imewasumbua wakubwa. Brahmagupta wa India, mwaka 628, aliandika kwamba sufuri ikigawanywa kwa sufuri ni sufuri. Septemba 1997 meli ya kivita ya Marekani, USS Yorktown, ilikwama baharini: sufuri iliingizwa kwenye kompyuta, programu ikaitumia kugawanya, injini zikanyamaza. Manowari nzima, kwa kukosa swali la dakika mbili!

Hata fomula isiyo na hila ina mengi. Watu wa ploti wakikodi matatu kwa Sh7,000 kwenda harusini, kila mmoja hulipa 7,000 gawanya kwa n, yaani idadi ya abiria. Aljebra inakataza sufuri peke yake. Maisha yanakataza pia nambari hasi, na nusu mtu, na chochote kinachozidi viti 14. Hapo kwenye 14 ndipo makanga na mwalimu hawapatani: kwa makanga, n huishia 14 mbele ya polisi tu.