Masanja na Mgaya: Lakabu Inapommeza Mwenyewe

Masanja ni jina la Usukumani. Mgaya ni jina la ukoo la Nyanda za Juu Kusini. Emmanuel Mgaya alipojulikana nchini kwa runinga kama Masanja Mkandamizaji, jina lililopata umaarufu halikuwa lile la kwao. Makala haya yanauliza: mchekeshaji akishavikwa lakabu, na watazamaji wakaipenda, anayo tena ruhusa ya kuivua?

Wapenzi wa ushairi wanaifahamu lakabu. Katika kurasa za mashairi magazetini, malenga aghalabu hutia saini kwa jina la kujipachika, na msomaji asimjue hata kwa sura. Lakabu yake ni pazia: beti hukaa mbele, mtu akakaa nyuma. Ya mchekeshaji ni kinyume chake. Ina uso, sauti na mwendo; akienda sokoni huandamana naye.

Kundi la Ze Comedy, lililoanzia EATV na baadaye likahamia TBC1 kwa jina la Orijino Komedi, lilikuwa na waigizaji wa namna mbili. Lucas Mhavile, yaani Joti, huweza kuwa mtoto, ajuza au mwanamke wa mjini. Kwake lakabu ni nyumba yenye vyumba vingi. Masanja alichagua chumba kimoja, akakijaza kelele: majigambo, sauti ya juu, na uhakika wa mtu asiyejishuku kamwe. Nguvu ya uigizaji wake imo humo, kwani majigambo ni utanzu wa kale wa fasihi simulizi, na yanapotiwa chumvi hujifichua yenyewe. Udhaifu wake nao umo humo. Majigambo yasiyopata mpinzani wa kuyajibu huchosha, na mhusika asiyeshindwa hakui.

Nyanda za Juu zina desturi inayotufaa kulipima jambo hili. Wahehe na Wangoni walipigana vita vikali karne ya 19, kisha wakaja kuwa watani. Mtani huruhusiwa kusema lisilosemeka, na anayesemwa hakasiriki. Lakini mtani hujulikana kwa jina lake na ukoo wake. Akimaliza mzaha msibani, hushika jembe na kuchimba kaburi pamoja na wenziwe. Mzaha wake una mwisho unaoeleweka na wote. Runinga imempa mchekeshaji ruhusa ya mtani bila kumpa mwisho huo.

Gharama yake ilionekana mwaka 2015. Mgaya alijitokeza kutafuta uteuzi wa CCM kugombea ubunge wa Ludewa, wilaya iliyokuwa ya Mkoa wa Iringa kabla Mkoa wa Njombe haujaundwa mwaka 2012. Hakuupata. Hatudai kwamba lakabu ndiyo iliyomwangusha, kwa kuwa siasa ina mizani yake. Tunalosema ni kwamba aliomba kusikilizwa kwa dhati na watu waliozoea kumsikiliza ili wacheke. Alipoimba nyimbo za Injili na kuhubiri, mzigo ulikuwa ule ule. Pengine ni kilimo cha mpunga huko Mbarali, mkoani Mbeya, peke yake kisichomdai kitu: mpunga haujui lakabu ya aliyeupanda.

Sisi wa pwani tusijione tumesalimika. Amri Athumani wa Tanga aliigiza kwa miongo mingi, na alipofariki tarehe 8 Agosti 2018, nchi ilimlilia King Majuto. Wangapi walilitaja jina alilopewa na wazazi wake?

Kwa hiyo hukumu yetu haimwelekei mwigizaji peke yake. Mgaya alijaribu kuivua lakabu hadharani, tena zaidi ya mara moja, na kufanya hivyo kunataka ujasiri kuliko kuivaa. Sisi watazamaji ndio tuliokuwa tukimrudishia. Anayependa sanaa ya uchekeshaji hana budi kujifunza adabu ya utani: kucheka mpaka mwisho wa mzaha, kisha kumwacha mtu arejee kwenye jina lake.