Deira hadi Bur Dubai, chini ya maji, bila dereva!

Haina dereva! Naanza na hilo kwa sababu ndilo swali nililoulizwa na kila mtu pale Tunduma, kuanzia wabadilisha kwacha hadi mawakala wa forodha: eti ni kweli treni ya Dubai inajiendesha? Ni kweli tupu. Pale ambapo dereva angekaa kuna kioo kipana, na watu wazima na akili zao wanagombania kusimama hapo wapige picha. Treni inaingia, milango ya kioo ya kituo na ya behewa inafunguka kwa pamoja, unaingia, inajifunga, mmeondoka. Hakuna konda, hakuna mpiga debe, hakuna wa kukwambia "sogea nyuma kuna nafasi" wakati nafasi yenyewe huioni.

Na msiniite mshamba wa reli. Sisi treni tumekua nayo. TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, inapita kwetu kabla haijavuka kwenda Nakonde, na aliyewahi kuipanda anayajua mahandaki ya kati ya Makambako na Mlimba, behewa linavyogeuka giza ghafla na watoto wanavyopiga kelele. SGR ya umeme nayo ilianza kubeba abiria mwaka 2024. Lakini hizo ni treni za kusafiria mikoani. Hii unaipanda kwenda dukani! Unashuka, unapatana bei ya vipodozi, unaghairi, unapanda tena kwenda duka lingine.

Safari yangu ilianzia Uwanja wa Ndege wa Songwe (ambao uko Mkoa wa Mbeya, sisi wenye Mkoa wa Songwe tumeachiwa jina), nikaunga Dar, nikatua Dubai. Vituo vya metro viko hapo hapo uwanjani, kimoja Terminali 1 na kingine Terminali 3. Nikanunua kadi ya Nol ya fedha kwa dirham 25, na 19 kati ya hizo ni salio la kusafiria. Unaigusisha getini ukiingia, unaigusisha ukitoka, mashine inakata nauli kulingana na kanda ulizopita: safari fupi dirham 3, ndefu kuliko zote 7.5. Hakuna bei ya mgeni! Aliyewahi kubishana na teksi akiwa na begi mkononi na Kiarabu hajui, ataelewa kwa nini nilitaka kuibusu ile mashine.

Treni inaanza juu, kwenye daraja, unatazama mabarabara na mapaa. Ikishapita Garhoud inainamisha kichwa na kuzama ardhini. Masikio yanaziba kidogo, dirisha linageuka kioo cha kujitazamia, halafu mwanga unalipuka: City Centre Deira. Kisha Al Rigga, kisha Union, ambako laini nyekundu na ya kijani zinakutana. Union ni kubwa mno. Unapanda ngazi za umeme, unakata kona, unapanda nyingine, na bado uko chini ya ardhi. Juu kuna joto la kuchemsha ubongo, humu chini kuna baridi kama alfajiri ya Juni Mbozi. Bebeni mtandio.

Hapo hamia laini ya kijani, maana ndiyo laini ya mfanyabiashara. Kituo kinachofuata ni Baniyas Square, unatoka na uko mlangoni mwa maduka ya Deira. Kinachofuata ni Gold Souq, kisha Al Ras. Halafu kutoka Al Ras kwenda Al Ghubaiba mnapita chini ya Khor, ule mkono wa bahari unaoitenga Deira na Bur Dubai. Juu yenu boti ziitwazo abra zinavusha watu, na ninyi mko chini ya hayo maji mnachati! Nilitazama huku na huku nione nani mwingine ameshtuka. Hakuna hata mmoja aliyeinua macho kwenye simu.

Kina mama, sasa sikilizeni. Kuna sehemu ya wanawake na watoto, imechorwa mstari wa waridi sakafuni, na mwanamume akiuvuka faini ni dirham 100. Saa za jioni, kule kwingine watu wamebanana mpaka mlangoni, sisi tunapumua. Kijana mmoja wa Kariakoo, nilimjua kwa lafudhi, alisimama vidole vya miguu vikiwa karibu kabisa na mstari. "Dada, naomba uniulizie huyo mama kama kituo kinachofuata ni BurJuman." Nikamuulizia. Kuvuka hakuthubutu.

Metro hii ilifunguliwa kwa laini nyekundu tarehe 9 Septemba 2009, saa 3 usiku na dakika 9. Laini ya kijani ikafuata tarehe hiyo hiyo mwaka 2011. Ya buluu inajengwa na imepangiwa 9 Septemba 2029. Wanapenda tisa, na mimi sina neno.

Dosari? Ipo, na kwetu ni kubwa: mzigo. Unaruhusiwa begi moja kubwa lisilozidi urefu wa sentimita 81 na moja dogo, basi. Lile furushi letu lililofungwa kwa gundi na kamba halipiti. Mzigo peleka kwa watu wa kago, wewe panda na pochi yako. Usile wala kunywa ndani, hata maji, ni faini. Na Jumapili usiamke alfajiri ukakimbilia kituoni: treni zinaanza saa 2 asubuhi.