Mtazamaji wa Kwanza: Video Shirikishi katika Pwani ya Lindi

Filamu nyingi za maisha ya vijijini hufuata mpangilio mmoja: mwongozaji huja na muswada wake, hupiga picha, huondoka na kanda, na wanakijiji huiona kazi ikiwa imekwisha, kama wataiona kabisa. Kikundi cha Maneno Mengi, chenye asili yake Zanzibar, kilichofanya kazi Lindi na Mtwara katika miaka ya 1990 chini ya RIPS, programu ya maendeleo vijijini iliyofadhiliwa na Finland, kiliupindua mpangilio huo kwa video shirikishi, yaani utengenezaji wa filamu usio na muswada, ambao wanajamii huuelekeza wenyewe kwa kupiga picha, kuzitazama pamoja, kuzijadili, kisha kurudi kupiga tena.

Nguvu ya mbinu hiyo imo katika kule kutazama. Picha ghafi, yaani zile ambazo hazijakatwa wala kuungwa, hurudishwa kwa waliosema, nao wakiyasikia maneno yao huyasahihisha, huyaongeza au huyaondoa, hata uhariri, ambao kwa desturi ni kazi ya mtu mmoja chumbani, ukawa kama shauri la baraza. Si lazima mshika kamera awe mwanakijiji. Ufundi wa kunasa sauti katika upepo wa pwani haupatikani kwa siku mbili, ilhali kuamua lipi lisemwe hakuhitaji ufundi huo.

Uvuvi wa baruti, yaani kuwalipua samaki kwa vilipuzi, ulidhihirisha faida ya mbinu hiyo. Mlipuko ni wa nukta chache, tena mbali na ufuko, na mpigaji baruti hatangazi saa yake; kwa hiyo jambo lenyewe halipigiki picha kwa urahisi, na filamu hulazimika kusimama juu ya ushahidi wa maneno: wavuvi wanaoeleza jinsi matumbawe yanavyogeuka kifusi na jinsi nyavu zinavyorudi tupu. Mvuvi akizungumza na wenzake husema yale asiyomwambia mgeni, na kanda hiyo ikifika mbele ya viongozi, inabeba malalamiko ambayo barua ya kijiji ingeyapunguza makali.

Mfano wa awali wa mbinu hiyo ni kisiwa cha Fogo, Kanada, ambako mwaka 1967 mwongozaji Colin Low alitengeneza filamu fupi za wavuvi, zikaonyeshwa kijiji kwa kijiji na hatimaye kwa serikali. Tofauti na Kanada, pwani ya kusini ya Tanzania ilikuwa na adui aliye jirani: mpigaji baruti na mnunuzi wake. Hapo ndipo mbinu hiyo ina kikomo: video iliyokubaliwa na wengi humwacha nje mchuuzi anayenunua samaki wa baruti bila kuuliza, maana huyo haji kutazama. Na katika miaka ya 2000, baada ya operesheni za askari wa majini dhidi ya uvuvi huo kupungua, milipuko ilisikika tena pwani.