Jaji Aliyekula Kiapo

Filamu bubu ina faida moja ukiwa ushago: hauhitaji kutafsiria mtu. Niliitazama Præsidenten kwenye simu hapa Ndithini, susu yangu kando. Ni kazi ya kwanza ya Carl Theodor Dreyer wa Denmark, ya 1919.

Mwanzoni, baba anampeleka mwanawe kwenye magofu ya ngome yao na kumwapisha asije akaoa mtu wa kawaida. Susu akasema tu, "Huyo amekula kithitu." Mkamba yeyote anajua uzito wa hilo neno. Nilikuwa nimekiona kiapo kile kama kisingizio cha hadithi. Tangu hapo nikakiogopa.

Kijana anakua, anakuwa jaji. Siku moja analetewa kesi ya yaya anayeshtakiwa kumuua mtoto wake mchanga, naye ni bintiye mwenyewe, aliyezaa na mwanamke asiyemwoa kwa sababu ya kiapo. Anajiondoa kwenye kesi. Jaji mwingine anamhukumu binti kifo. Ndipo baba, huku mji ukimsherehekea kwa mienge, anamtorosha gerezani.

Uigizaji umezeeka, na zile kumbukumbu za nyuma zinachanganya. Lakini nyuso! Dreyer alichagua wazee kwa sura zao, si kwa umaarufu, na kamera haiwaharakishi.

Ugomvi wangu ni huu. Filamu inamlilia jaji. Anarudi kukiri kosa, mrithi wake anakataa kumshtaki ati heshima ya mahakama itachafuka (hapo Mkenya anacheka bila kutaka), kisha anajirusha kutoka magofuni. Sawa. Lakini Victorine je? Alitongozwa na kijana wa nyumba alikofanya kazi, na huyo kijana hapandi kizimbani. Kesi yenyewe inapita mbio. Kwetu kifungu cha 210 cha Kanuni ya Adhabu kinakubali kwamba akili ya mama inaweza kuvurugika baada ya kujifungua. Katika mahakama ya Dreyer hakuna anayemuuliza alilala vipi usiku ule.

Na Dreyer alijua. Mama yake, Josefine Nilsson, mfanyakazi wa nyumbani, alimzaa 1889 nje ya ndoa, akamtoa alelewe na wengine. Alifariki 1891 akijaribu kutoa mimba nyingine. Nikijua hilo, jaji yule naona kama baba ambaye Dreyer alijitungia, aje na ufunguo wa gereza.

Simu ilipozimika, susu aliuliza swali moja: yule kijana mwenye mimba alienda wapi? Nilirudisha nyuma kutafuta.