Nani Ameishika Spana? Ukarabati wa Hadithi katika Riwaya ya Salman Rushdie

Fantasia inayozungumzia usimulizi wenyewe hupenda kubuni vifaa vya sihiri vya kuilinda hadithi isiharibike. Michael Ende, katika Die unendliche Geschichte (1979), alibuni hirizi iitwayo AURYN, kioo kinachomwonyesha mhusika asichokitarajia, na mzee aandikaye kitabuni kila linalotukia. Ni rahisi kuvichukulia vifaa vya namna hii kuwa mapambo ya kuwafurahisha watoto. Makala haya yana mtazamo tofauti. Tukiichunguza Haroun and the Sea of Stories (1990) ya Salman Rushdie, tutaona kwamba kila chombo cha kuikarabati hadithi kinaweza pia kuizima, na kwamba swali la msingi si jinsi chombo kinavyofanya kazi bali ni nani anayekimiliki.

Riwaya hii ilitungwa katika mazingira yanayojulikana. Tarehe 14 Februari 1989 Ayatollah Khomeini alitoa fatwa dhidi ya mwandishi kwa sababu ya The Satanic Verses. Rushdie akaingia mafichoni, na huko akamtungia mwanawe, Zafar, hadithi hii. Tangu mwandishi alipodungwa kisu katika jimbo la New York tarehe 12 Agosti 2022, kishawishi cha kuisoma riwaya kama tawasifu iliyofichwa kimezidi. Hatukusudii kuufufua mgogoro huo hapa. Usomaji wa kitawasifu una haki yake, lakini unamgawa kila mhusika upande wa wema au wa uovu mapema mno, na hivyo kuyafunika yale ambayo matini yenyewe inayakiri.

Tuanze na spana. Msimulizi Rashid Khalifa hupata hadithi zake kwa bomba lisiloonekana liletalo Maji ya Hadithi kutoka mwezi uitwao Kahani, jina ambalo kwa Kihindustani lina maana ya hadithi. Rashid anapokoma kusimulia, jini wa maji aitwaye Iff anatumwa usiku kumkatia. Haroun, mwana wa msimulizi, anamnyang'anya kifaa chake cha kukatia, na kisa chote kinaanzia hapo. Kejeli iko wazi: kipaji ambacho hadhira hukidhania kuwa ni tunu ya mtu binafsi kinategemea idara yenye mafundi na wakubwa wasiowajibika kumweleza yeyote utaratibu wao. Mkono uwezao kufungua bomba ndio uwezao kulifunga.

Huko Kahani, hadithi ni mikondo ya rangi nyingi inayopita ndani ya bahari moja. Jambo la kutia maanani ni kwamba uharibifu wake haugunduliwi kwanza kwa mtambo. Haroun anakunywa mkondo mmoja, akajikuta shujaa anayekwenda kumwokoa binti mfalme. Ghafla anageuka buibui, na binti mfalme mwenyewe anamshambulia. Hadithi imetiwa sumu, na aliyeitambua sumu ni mpokeaji aliyeionja. Vivyo hivyo, anayeikarabati kila siku si fundi mwenye vyombo bali ni Mali, mtunza bustani aelezaye kazi yake kuwa ni kupalia magugu na kuikwamua mikondo iliyosokotana. Mwili wake mwenyewe ni mizizi na majani ya bahari ile ile anayoitibu. Anaitengeneza kutoka ndani.

Kinyume chake ni Khattam-Shud, mtawala wa nchi ya Chup, yaani kimya. Jina lake lina maana ya “imekwisha kabisa,” na msikilizaji wa Kiswahili hahitaji mkalimani, kwa kuwa mzizi wake wa Kiarabu ndio uliotupa hatima na kuhitimu. Huyu naye ni mtu wa mitambo: ana meli ya kutengenezea sumu, taa zinazotoa giza, na kizibo kikubwa cha kuzibia chemchemi ya hadithi. Kwa kila hadithi ameandaa kinyume chake. Ili kuijua sumu ya kila mkondo hana budi kuuchunguza mkondo wenyewe. Mharibifu ni mkaguzi makini kuliko wote.

Hata hivyo, riwaya ingekuwa nyepesi kama ingeishia katika mgongano wa Gup, nchi ya porojo na nuru, na Chup, nchi ya giza. Tunaelezwa kwamba mabingwa wa Gup wenyewe ndio waliouzuia mwezi usizunguke kwa kawaida, ili kwao kuwe na mchana wa daima. Mtambo huo huo ndio uliowapa watu wa Chup usiku wa daima. Basi dhuluma ilitangulia sumu. Haroun haishindi vita kwa kifaa bora zaidi. Anakunywa Maji ya Matakwa na kutamani mwezi uzunguke, jua liwafikie wote. Kwa maoni yetu hiki ndicho kilele cha kifikra cha riwaya: ukarabati wa kweli ni kuwarudishia nuru walionyimwa, si kuwaongezea vyombo wenye nuru.

Kwa hiyo mwisho wake unazua tatizo. Baada ya ushindi, Haroun anaomba mwisho mwema kwa ajili ya mji wake wenye huzuni, na wakubwa wa Gup wanamtengenezea kwa utaratibu wao wa siri. Mvua inanyesha, watu wanafurahi, mama aliyewaacha anarudi. Haroun mwenyewe anaitilia shaka furaha iliyoundwa kiwandani, na Rushdie anastahili sifa kwa kuiacha shaka hiyo ionekane. Lakini shaka si jibu. Idara iliyoufungia mwezi inabaki na funguo zake, na sasa inashukuriwa.

Suala hili si geni kwetu. Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki, iliyoundwa mwaka wa 1930, ilipewa jukumu la kusanifisha Kiswahili kwa msingi wa Kiunguja na kukagua vitabu vilivyokusudiwa kwa shule. Ilitupatia lugha ya maandishi inayosomeka nchi kadhaa, na hatuwezi kubeza faida hiyo. Lakini kilichokuwa sahihi kwa Kimvita au Kiamu kiliweza sasa kuhesabiwa kuwa kosa. Palipowaka taa, palikuwa pia na upande uliotiwa giza. Mwanafunzi wa leo anayerekodi ngano kijijini, kisha akarudi chuoni “kusafisha” lugha ya bibi aliyemsimulia, ameishika spana ile ile.

Haroun aliianza safari yake kwa swali alilolisikia kwa jirani: hadithi zisizo za kweli zina faida gani? Fanani wetu hulijibu kabla halijaulizwa, pale anapoialika hadithi ije, uongo uje, utamu ukolee. Mwaliko huo hauna maana pasipo hadhira kuitikia. Kwa kuhitimisha, basi, tunapendekeza kwamba mhakiki ajifunze kwa Mali kabla ya kujifunza kwa Iff: aonje kwanza, apalie kwa mikono yake, na kila anapotaka kunyoosha mkondo ajiulize ni nani atakayekatiwa maji.