Msimpigie Makofi Kabla ya Kumtazama

Kila ninaposoma kuhusu Vlasta Chramostová, naambiwa alikuwa shujaa. Sawa. Serikali ya Czechoslovakia ilimfungia sinema, televisheni na jukwaa, akatia saini Charta 77, akarudi baada ya 1989. Lakini mbona hakuna anayetuambia aliigiza vipi? Ushujaa umemeza kazi yake.

Anza na Spalovač mrtvol ya Juraj Herz, ya 1969. Chramostová ni Lakmé, mke wa Kopfrkingl, mtu anayefanya kazi kwa tanuri la kuchomea maiti huko Prague. Rudolf Hrušínský, anayecheza huyo mume, anaongea filamu nzima kwa sauti ya asali. Mke anasikiliza tu. Wanazi wanapokaribia, damu ya Kiyahudi ya mke inageuka kikwazo kwa mume anayetaka cheo. Anamnyonga bafuni. Kilichonifanya nisimamishe filamu nipumue si kitanzi, ni macho ya Chramostová. Hayashangai. Yanakuambia huyu mama alijua kitambo.

Aliyeshika kamera ni Stanislav Milota, ambaye pia alikuwa mume wake. Baadaye filamu ikafungiwa kabatini, nao wawili wakafungiwa kazi.

Sasa ingia kwa nyumba yao, miaka ya 70. Jukwaa hakuna, kwa hivyo wanaigiza sebuleni. Mwaka wa 1978 wanacheza Macbeth iliyofupishwa na Pavel Kohout, Chramostová akiwa Lady Macbeth. Watu huita miaka hiyo pengo. Mimi nakataa. Sebuleni huwezi kunguruma kama uko ukumbi mkubwa. Mtazamaji amekaa karibu agusane na goti lako. Unabaki na jicho, pumzi na kunyamaza, vitu vilevile alivyotumia kama Lakmé. Polisi walidhani wamemnyang'anya kazi, kumbe walikuwa wamechukua viti na taa tu.

Hapo ndipo ananigusa. Niliacha chuo, naandika bila ofisi, na kila sherehe ya familia kuna mtu anauliza nitapata kazi lini. Silinganishi, mlangoni kwangu hakuna askari. Lakini nimechoka kusikia kwamba kazi ni kazi mpaka mwenye muhuri akubali.

Mwaka wa 2011 Václav Havel alimweka kwa Odcházení, filamu pekee aliyoiongoza. Yeye ni nyanya mle ndani, si nyota. Itafute, lakini tafadhali, kwanza mwone Lakmé akinyamaza.